Mwalimu, Kisenyi ni ya nani, na ninunue kibanja huko?

"Salaam aleikum mwalimu. Mimi mzaliwa wa Jinja, Walukuba, ila babu mzaa mama aliishi Kisenyi ya Kampala miaka ya hamsini, alikuwa fundi cherehani, na mama anasema palikuwa pazuri tu, watu wa kila kabila na kila mtu na kazi yake. Sasa mimi nafanya biashara ya mahindi nataka kuhamia Kisenyi, lakini kila nikimwambia mtu anashtuka, eti hapo ni slamu, eti walipaanzisha Wasomali wakimbizi, eti ni wezi na magaidi watupu. Alafu kuna broka kanipeleka kuona kibanja kidogo chenye vyumba vitatu na stoo, anasema ardhi ya pale ni ya serikali kwahiyo haina mwenyewe, nikilipa ananiandikia agrimenti, mwenyekiti wa LC, serikali ya mtaa, anapiga muhuri, basi kimekuwa changu. Nitanunua na rafiki yangu Mkongomani nusu kwa nusu. Mama kasema nimuulize kwanza mtu anayejua mambo ya pale kabla sijatoa hela. Nisaidie."

Waaleikum salaam dada yangu. Mpe mama salamu zangu, yeye ndiye aliyekushauri vizuri kuliko wote. Maswali yako yanaonekana mawili, moja la historia na lingine la pesa, ila mimi nitayajibu pamoja kwa sababu huyo broka anakuuzia kibanja, yaani haki ya kukaa kwenye ardhi ambayo hati yake ni ya mwingine, kwa kutumia historia ya Kisenyi, ile sehemu ambayo anajua wewe huijui. Ukishaelewa pale palitokeaje utajua mwenyewe umuulize nini.

Tuanze na hili la Wasomali maana linanichosha. Wasomali hawakuanzisha Kisenyi. Katikati ya miaka ya 1950 watafiti wawili, Aidan Southall na Peter Gutkind, walikaa wakichunguza maisha ya Kisenyi na Mulago, wakachapisha kazi yao 1957, na walichokikuta Kisenyi ndio hichohicho mama anakusimulia, vyumba vya kupanga vimebanana, Waganda wamechanganyika na watu wa kila pembe ya Uganda na nje ya Uganda, mafundi, wachuuzi, wapishi wa barabarani, na pombe pia, tena nyingi, tusidanganyane kwa kuwa babu alikuwa huko. Serikali ya Siad Barre imeanguka Mogadishu 1991. Hesabu mwenyewe hiyo ni miaka mingapi baadaye. Ukiongeza kwamba Wasomali wenyewe walikuwepo Uganda tangu enzi za mkoloni, askari wa KAR, jeshi la mkoloni, wafanyabiashara wa mifugo, madereva wa malori, utaona ile hadithi ya "walikuja wakapaharibu" haina miguu.

Sasa kwa nini pale na sio kwingine, hapa naomba unifuate taratibu.

Desemba 1890 Mwingereza Lugard alifika na askari wake akapiga kambi na kujenga ngome kwenye kilima kile tunachokiita leo Old Kampala, ndipo ulipo msikiti wa Gaddafi. Kilima cha pili yake, Mengo, kulikuwa na Kabaka Mwanga, mfalme wa Buganda, na jumba lake. Baadaye Waingereza wakahamishia ofisi zao Nakasero, mji wao ukakua upande huo, na mji wa Kabaka, Kibuga, ukabaki upande wa Mengo na serikali yake yenyewe, machifu wake, mahakama zake, kodi zake. Yaani Kampala hii unayoiona moja ilikuwa miji miwili inayotazamana na katikati kuna bonde la maji. Kisenyi iko kwenye hilo bonde, upande wa Kabaka, hatua chache tu kutoka mpakani. Ukitoka madukani kwa Wahindi unateremka kidogo umeshafika.

Na hatua hizo chache ndizo zilizofanya mambo. Upande wa mzungu kulikuwa na ramani, plot zimepimwa, masharti ya nyumba gani ijengwe, mitaro, na sehemu kubwa mwafrika hakuwa na pa kukaa isipokuwa awe boi wa nyumba au apate chumba kwenye kambi ya kazi. Lakini mji huohuo ulitaka mikono, wa kubeba, wa kushona, wa kupika, wa kufyeka, na reli ilipofika Kampala 1931 ulitaka mikono zaidi. Watu wanafanya kazi mchana upande huu, usiku walale wapi? Wanavuka. Na upande wa pili wanakuta ardhi ya mailo, yaani ya kumilikiwa moja kwa moja, ile iliyogawiwa kwa Mapatano ya 1900 kati ya Waingereza na Buganda, maili za mraba 8,000 wakapewa machifu na watu binafsi mbali na ile ya Kabaka na ya ofisi za machifu. Juu ya ardhi hiyo ya mwenye mailo wanakaa watu wa vibanja wanaomlipa busuulu, kodi ya ardhi. Sasa mwenye kibanja alikuwa na migomba yake inayolisha familia, anaona kila jioni vijana wanauliza chumba, ufanyeje wewe? Unakata mgomba mmoja unajenga chumba cha udongo na fito, kesho unakata mwingine, na ukizinduka shamba limekuwa mizigo mitupu, ndivyo Waganda wanavyoita vyumba vya kupanga, chumba kimoja kimoja kwa safu, kila kimoja kinalipa mwisho wa mwezi kuliko matoke yalivyolipa kwa mwaka.

Lakini jiulize nani achimbe mtaro. Mji wa mzungu unasema Kisenyi sio yetu ni ya Mengo. Mengo haina mhandisi wala bajeti ya mifereji ya mji. Mwenye mailo yuko mbali anasubiri busuulu. Mwenye kibanja anapokea kodi ya vyumba, akichimba mtaro maji yataingia kwa jirani na jirani atakuja juu. Mpangaji naye anasema mimi mwezi ujao huenda nimehama. Kwahiyo maji yakabaki palepale, na yakaendelea kushuka kutoka Old Kampala, Namirembe na Mengo kuelekea mfereji wa Nakivubo, na kutoka hapo hadi ziwani kwenye ghuba ya Murchison, ambako ndiko tunakochota maji ya kunywa ya Ggaba, lakini hiyo ni kesi nyingine. Uchafu wa Kisenyi haukuletwa na kabila lolote, uliletwa na mpaka wa serikali mbili kupita kwenye kinamasi na hakuna hata moja iliyotaka kukilipia.

Utasema mbona mipaka ilishaondolewa. Ndio, 1966 jeshi la Obote, aliyekuwa akitawala Uganda, lilivamia Lubiri, jumba la Kabaka, 1967 katiba ikafuta falme, na 1968 Mengo ikaingizwa rasmi ndani ya jiji la Kampala. Ila wakati jiji linaichukua Kisenyi vyumba vilishajaa, watu walishakaa, na chini yao kuna hati za mailo ambazo jiji haliwezi tu kuzikunja na kuweka mfukoni. Kutengeneza barabara moja unatakiwa uongee na mwenye mailo, mwenye kibanja na wapangaji wake wote, na hapo hujakutana na wanasiasa.

Hapa sasa ndipo anapoingia broka wako. Hilo neno lake la "ardhi ya serikali" hajalitoa hewani. Falme zilipofutwa, ile mailo iliyokuwa ya ofisi ya Kabaka na machifu wake ilichukuliwa na serikali, ikasimamiwa na Tume ya Ardhi, na sehemu zake zikatolewa kwa lizi, yaani kukodishwa kwa miaka maalumu, kwa watu wengine. Alafu 1975 Amin akatoa dikrii kwamba ardhi yote ya Uganda ni ya umma, mailo ikageuzwa lizi kwenye karatasi, na watu wengi wakaamini tangu siku ile hakuna landilodi tena. Wazee waliokuwa vijana wakati huo wanaamini hivyo mpaka leo, sio wote wanadanganya, wengine ndivyo walivyoishi. Lakini 1993 falme zikarudi na sheria ya kurudisha mali za watawala wa jadi ikapita, katiba ya 1995 ikairudisha mailo kama ilivyokuwa, sheria ya ardhi ya 1998 ikafafanua haki za mwenye kibanja, na 2013 serikali na Kabaka wakasaini makubaliano hati nyingine zikarudi Mengo. Kwahiyo leo Kisenyi, kwa maana ya parishi zote tatu Kisenyi I, II na III, kipande hiki kinaweza kuwa mailo ya mtu binafsi, hicho cha pembeni kina lizi ya zamani, kile cha nyuma ni cha Kabaka na kinasimamiwa na Buganda Land Board. Usiku ukipita pale huoni tofauti yoyote. Anayekuambia yote ni ya serikali haina mwenyewe, ama hajui ama anajua sana.

Nirudi kidogo kwenye tabia ya mahali penyewe kwa sababu biashara yako ni mahindi na kwa hilo hujakosea njia. Kisenyi ndio tumbo la posho, unga wa mahindi, la Kampala. Malori yanaingia na magunia kutoka mashariki, kutoka Masindi, Kiryandongo, Mubende huko, mashine zinasaga, wabebaji wamepakwa unga mpaka kwenye kope, shule na mahoteli wanakuja kununua kwa jumla. Kandokando kuna wachomeleaji, wauza vyuma chakavu, stendi ya mabasi ya kwenda mikoani, na ukivuka tu uko Owino, soko lililofunguliwa 1971 ambalo leo linaitwa St. Balikuddembe. Upande wa Wasomali unakuta maduka ya vitambaa, simu, kubadilisha pesa, mahoteli ya pilau na nyama ya ngamia ukitaka, na chai ambayo mimi naona ni tamu kupita kiasi lakini naimaliza. Kiswahili chako cha Jinja kitakufaa sana. Sehemu nyingi za Kampala ukiongea Kiswahili watu wanakuangalia kama askari au mwizi, urithi wa enzi zile za barakisi, kambi za jeshi, ila Kisenyi mnunuzi wa Kongo, dereva wa Kenya, Mnubi, Msomali na kijana wa Arua wanabishana bei kwa Kiswahili na hakuna anayegeuka.

Hili la magaidi nilisemee wazi. Julai 11, 2010 usiku wa fainali ya kombe la dunia mabomu yalilipuka Kampala yakaua watu zaidi ya 70, na Al-Shabaab walisema ni wao. Mabomu hayo yalilipuka klabu ya ragbi ya Kyadondo kule Lugogo na mgahawa wa Kihabeshi Kabalagala. Kisenyi hakukulipuka kitu. Ila kwa sababu Wasomali wanaishi Kisenyi, misako ikaelekezwa huko na jina likachafuka, na watu walewale waliokimbia Al-Shabaab wakaanza kuitwa Al-Shabaab. Wengi wao wako pale kwa haki kabisa, sheria ya wakimbizi ya 2006 inamruhusu mkimbizi kufanya kazi na kutembea, wamefungua biashara, wanaajiri.

Wezi? Wapo. Simu usiitoe ukipita karibu na stendi, na jioni usibebe mauzo ya siku nzima kwenye begi ukiwa peke yako. Kuna watoto wa mitaani, wengi kutoka Karamoja, wanalala kwa msongamano wa kusikitisha, na kuna vichochoro ambavyo wenyeji wenyewe wanavikwepa usiku. Mimi lakini ningekuogopesha zaidi na maji kuliko mwizi. Mwaka 2015 homa ya matumbo ililipuka katikati ya Kampala kwa ajili ya maji machafu na juisi za barabarani, na kituo cha afya cha Kisenyi kilijaa wagonjwa. Na mafuriko, dada, wewe ni mtu wa mahindi. Mahindi yakilowa hata gunia la chini tu yanaota ukungu, na ukungu wa mahindi unaleta sumu kuvu, hapo hakuna shule itakayonunua kwako tena. Kabla hujashika chumba chochote, hata cha kupanga, nenda ukapaone saa ile mvua imetoka kunyesha kubwa, angalia alama ya maji ukutani imefika wapi, na waulize wapangaji wa chumba cha pili, usimuulize mwenye nyumba.

Sasa kibanja chenyewe. Kibanja ni haki ya kweli kisheria, watu wamekaa kwenye vibanja vizazi na vizazi na wala sio kwa hisani ya mtu, lakini sio kila mtu aliyepo pale anayo. Sheria inamlinda aliyeingia kwa ruhusa ya mwenye ardhi au kwa zile sheria za zamani za busuulu, na inamlinda pia aliyekuwa amekaa bila kupingwa miaka 12 au zaidi kabla ya katiba ya 1995 kuanza, pamoja na aliyenunua au kurithi kwake kihalali. Mtu huyo hafukuzwi hovyo, mpaka mahakama iamue na sababu iwe hajalipa busuulu. Mtu anayelipa kodi ya chumba kila mwezi yeye ni mpangaji, hana kibanja cha kuuza, na Kisenyi wapangaji wa zamani wamewahi sana kuuza vyumba vya watu.

Na hata mwenye kibanja halali hauzi kimyakimya. Anatakiwa ampe kwanza mwenye ardhi nafasi ya kununua, na akiuza kwa kumkwepa, marekebisho ya sheria ya 2010 yanasema ni kosa, mauzo hayo ni batili na haki yake mwenyewe anaipoteza. Maana yake hela yako imeenda na kibanja hakipo. Kama wanaishi pale na familia, mke au mume lazima akubali kwa maandishi. Muhuri wa LC ni mzuri kwa kuthibitisha kwamba watu wanamjua huyo muuzaji na jirani hana ugomvi naye kuhusu mpaka, lakini mwenyekiti wa LC hana uwezo wa kukupa ardhi ya mtu, hata apige mihuri kumi.

Ukiniuliza mimi ningefanyaje, kwa biashara inayoanza ningepanga kwanza. Najua unaona kupanga ni kutupa hela, na kweli ukipanga hujengi kitu cha wanao, na landilodi wa Kisenyi akiona biashara imechanganya kodi inapanda. Ila sheria mpya ya upangaji ya 2022 imeweka kikomo, kodi haipandishwi zaidi ya asilimia 10 kwa mwaka, ila ili uwe na cha kuonyesha dai mkataba wa maandishi, usikubali ule wa mdomo hata mkiwa mmezoeana. Mwaka mmoja wa kupanga utakufundisha mtaro upi unaziba, mwenye mailo ni nani, na nani anagombana na nani mahakamani, mambo ambayo hakuna broka atakuambia. Kibanja kina faida yake, bei iko chini kuliko hati na unaweza kuwa katikati ya soko, lakini katikati ya jiji bei ya ardhi inawavuta wenye mitaji mikubwa kila siku, na wakija kujenga maghala ya ghorofa wanaongea kwanza na mwenye hati. Wewe utafidiwa kama karatasi zako ziko sawa. Kama haziko sawa utabeba mashine yako. Njia ya tatu ni lizi yenye hati kutoka kwa mwenye ardhi, ghali lakini hata benki itakuheshimu.

Ukiona bado kibanja hicho kinakuvutia, hapa mimi kwa maandishi siwezi kukusaidia zaidi, lazima uende kwa miguu yako. Pata namba ya bloku na plot, nenda ofisi ya ardhi ya kanda ya Kampala ukafanye upekuzi ujue hati ni ya nani na kama ina mkopo au zuio la mahakama. Chukua seveya mwenye leseni, wako wewe sio wa broka, ahakikishe plot unayoonyeshwa ndiyo hiyo iliyo kwenye karatasi. Ikitoka kuwa ya Kabaka, nenda Buganda Land Board ukaulize kama muuzaji yuko kwenye kumbukumbu zao na kama analipa busuulu. Alafu mtafute wakili aandike hayo makubaliano na mwenye ardhi asaini, na kama wakili ni ghali kwako FIDA, chama cha wanasheria wanawake, wanasaidia wanawake mambo ya ardhi. Wakati wote huo usitoe hata shilingi ya "kushikilia". Akikuambia kuna mteja mwingine anakuja kesho asubuhi, mwache huyo mteja aje.

Na rafiki yako Mkongomani mkae naye kabla ya yote hayo. Asiye raia wa Uganda haruhusiwi kumiliki mailo, yeye anaweza lizi tu, isiyozidi miaka 99, kwahiyo nusu kwa nusu kwenye kibanja inaweza kumwacha hela yake haina jina popote, na siku mkikosana kila mmoja atakuwa na ushahidi wake na hakuna karatasi. Hela yake iwekeni kwenye mashine na mzigo, muandikiane kwa wakili huyohuyo, na hilo la ardhi mmwulize pale ofisini mkiwa wote wawili.